Ami Twahir Bila Kofia

Nairobi, 29 Oktoba 2024

Kwa Mama Mkubwa, Bi Mwanaarabu,

Assalamu alaikum warahmatullahi wabarakatuh. Natumai Mola anakupa subira na usiku unapata japo usingizi kidogo. Mimi mwili mzima, ila uchovu umeniganda tangu nitoke huko matangani. Mama anakusalimu kutoka Mombasa. Mguu wake ungali umevimba, na kaka Nabil anampeleka kwa daktari ambaye kazi yake kubwa ni kumwambia arudi wiki ijayo.

Nimesikia simu yako umempa jirani yako Razan na hutaki kuisikia ikilia mpaka eda iishe. Sikulaumu. Nilikuwapo, niliona. Kila aliyepiga alitaka umsimulie upya Ami Twahir alivyokata roho, na ukimaliza na huyu anapiga yule. Kwa hiyo nakuandikia barua kama watu wa zamani. Nampa Madi, amekuja huku kununua vitambaa vya duka lake, na ameapa hataisahau mfukoni.

Nina jambo, Mama Mkubwa, na nalizunguka kwa sababu ni zito. Unakumbuka mwezi wa nane nilipokuja na kamera yangu kwa ajili ya filamu ya Lamu. Ami alikuwa hajiwezi tena, amelala ndani kwenye kitanda kile kikubwa, na nyuma yake ule ukuta wa vidaka vya chokaa, vishubaka vya pambo, ambao wageni hulipa kuuona katika nyumba za watu wengine. Nilimpiga picha akiniambia habari za ujana wake. Kichwa kilikuwa wazi, hakuvaa kofia. Mwisho wa mazungumzo alinyamaza, akageuza macho kando, midomo ikatikisika, uso ukamlainika. Sikusikia alichosema. Feni ilikuwa inapiga kelele.

Wafadhili wa filamu, watu wa Ulaya, wamekiona kipande hicho. Mmoja wao amelia. Amesema macho yale yanaiona dunia inayoondoka. Wanataka kiwe ndio mwanzo wa filamu, na kikiwemo, filamu yangu itafungua tamasha lao mwezi wa nne. Miaka yote hii nimepiga picha za harusi na matangazo ya sabuni nikisubiri neno kama hilo.

Lakini sitakiweka bila radhi yako. Wewe ndiwe mwenye mume. Naomba uniambie.

Wako mtoto,
Aliya


Lamu, mtaa wa Langoni, 21 Novemba 2024

Kwa binti yangu Aliya,

Wa alaikumu ssalaam. Barua yako imefika, na kwa Madi hiyo ni habari. Imekuja na harufu ya vitambaa vipya, nikadhani umeniletea kanga.

Sisi huku twamshukuru Mungu. Joto limeanza. Birika la maji la kiwandani, hapo uani, limepata ufa, maji yanakwenda nisikokujua, na fundi kila siku yuaja kesho. Paka wamezaa tena chini ya ngazi, mwaka huu wote ni wekundu. Razan huniletea vitu vya soko, naye ni mtu wa moyo, ila hawezi kuacha mfuko mlangoni akaenda zake bila kunipa na habari za mtaa mzima. Juzi kaniletea kamba wa Kizingitini, wakubwa, nikawapika, nikala mmoja, nikachoka. Kumpikia mtu mmoja ni kazi kuliko kupikia harusi.

Mwambie mamako aweke mguu juu ya mto na aache kupanda ngazi kwenda kuanika nguo. Tangu utoto wetu ndivyo alivyo, akiambiwa kaa ndipo asimame. Na Nabil nimwombea dua, mtoto wa kiume anayemshughulikia mama yake siku hizi ni wa kuombewa.

Mimi eda yangu nimekaa nayo. Watu wanadhani mjane hukaa akilia. Mara nyingi nakaa nikishona. Kuna kofia ya viua niliyoianza kwa ajili ya ami yako, niliitaka imalizike kabla ya Idi iliyopita, ikanishinda kwa ule uuguzi. Viua vile ni vitundu vidogo kama punje za mtama, kila kimoja kizungushiwe uzi, na macho yangu si yale. Sijui naishona ya nani. Mikono imezoea.

Lile jambo lako nimelisoma.

Huyo bwana wa Ulaya aliyelia, alimjua Twahir?

Wasalaam,
Mamako mkubwa,
Mwanaarabu


Nairobi, 12 Desemba 2024

Kwa Mama Mkubwa,

Salamu nyingi na dua. Mguu wa Mama umepungua kidogo. Ujumbe wako nimemfikishia, akasema wewe ndiwe uliyekuwa hukai, ulianguka na sinia la mahamri siku ya harusi ya shangazi yenu. Mimi simo.

Hapana, hakumjua Ami. Hilo swali lako limenikalia rohoni wiki nzima. Lakini Mama Mkubwa, hivi ndivyo filamu ilivyo, mtu alie kwa asiyemjua. Huku nimechoka na picha za Lamu zinazopigwa na wapita njia: punda, mlango wa nakshi, mtoto anayeruka majini, basi. Kana kwamba hatuna kilichomo ndani. Hawajui kwamba nyumba zetu zimeipa barabara mgongo, ukuta mtupu, na uzuri wote umegeuzwa kwa ndani. Mimi najua, nimelelewa humo. Nikinyamaza, watatusemea wao. Wahenga walisema mficha uchi hazai.

Nikueleze pia kuhusu Mueni, mhariri wangu, dada wa Kikamba ambaye hakuwahi kufika Lamu. Yeye ndiye anayekata na kuunga picha zote. Jana alikirudisha kile kipande mara nyingi, kisha akaniuliza, "Huyu mzee alikuwa anaangalia nani?" Nikamwambia haangalii mtu, yuko na mawazo yake. Akasema mawazo hayamfanyi mtu awe na uso ule. Mimi nilikuwa nyuma ya kamera na mgongo wangu umeelekea mlangoni, sikuona kitu. Wewe unajua?

Wafadhili wanauliza kila wiki. Wanataka pia picha za mji kutoka juu, mapaa na viwanda vya nyumba na bahari kwa mbali. Nimechoka kusema nangojea jibu kutoka Lamu. Naomba basi, hata neno moja.

Mtoto wako,
Aliya


Nairobi, 3 Januari 2025

Mama Mkubwa,

Naandika kwa haraka, Madi anaondoka asubuhi. Sijapata barua yako, labda imekwama njiani. Nilikuwa nimeahidi kuja kukuamkia mwezi huu lakini kazi imenibana, sitoki Nairobi mpaka baada ya eda yako. Nisamehe. Wote wazima.

Aliya


Lamu, 20 Januari 2025

Aliya,

Assalamu alaikum. Mimi ni mzima. Fundi amekuja, birika limezibwa. Paka mmoja amekufa.

Barua haikukwama njiani. Sikuandika. Nilikuwa sina neno, na mtu asiye na neno ni heri anyamaze kuliko kusema litakaloumiza. Sasa ninalo.

Ijumaa iliyopita, baada ya alasiri, nilikuwa kiwandani nafua. Nimejifunga kanga moja kifuani, nywele nimezifumua zikauke, kiwanda changu mwenyewe, kuta zangu nne. Nikasikia mlio kama nyuki wengi. Nikatazama juu. Kidude kimesimama hewani juu ya paa langu, kina jicho, na jicho limenielekea. Nilikimbia chini ya ngazi kwa paka, nikakaa humo na povu mikononi mpaka kikaondoka. Mwanangu, mimi ni mtu mzima, magoti haya si ya kukimbia. Tangu Twahir kufa sijatoka hata dakani, pale nje ya mlango, sijaonwa na mwanamume asiye wangu, na nikaonwa na nyuki.

Razan alikwenda kuuliza. Akaambiwa kidude kimetoka Ras Kitau, kuna watu wa filamu kwenye moja ya hoteli za huko. Nikasema hao ni wageni, hawajui. Kisha akaja Madi kwa shughuli zake. Yule mtu hajui kusema uongo, hajui hata kunyamaza. Akasema alikuona Ras Kitau siku ya Alhamisi, umesimama mchangani na Wazungu wawili, wakaondosha viti vya hoteli na wakatega kamera minara ya simu isionekane, ili Lamu ipendeze kama Lamu. Akakupungia mkono. Hukumwona, au ulimwona.

Ulikuwa ng'ambo ya maji, Aliya. Kwa mashua ni mara moja tu. Uliniandikia hutoki Nairobi.

Basi nikujibu sasa, na jibu langu ni hili. Ile picha ya ami yako sikupi.

Umesema mficha uchi hazai. Nami nakwambia, aibu ya maiti aijuaye mwosha. Ami yako alipooshwa, ndugu zake waliomuosha walishikiwa shuka juu yake, na wao walikuwa ndugu. Sasa wewe wataka wamuone watu nisiojua hata idadi yao.

Twahir katika umri wake wote hakutoka kwenda dakani bila kofia. Akisikia hodi, hata awe anakula, kwanza mkono huenda kichwani. Walimwengu walimjua Twahir wa kofia. Yule wa kichwa wazi, mwenye upara na kovu la kuangukiwa na mlingoti, alikuwa wangu mimi, na wenu nyinyi mliolelewa humu. Kwa nini alikaa mbele yako bila kofia? Kwa sababu alikuona wewe. Ile mashine hakuiona. Alijua amejiwa na binti wa nduguye na wa mdogo wangu, akakupokea ndani, wala hakujua kwamba nyuma ya jicho lile kuna watu wa Ulaya wamejaa kitandani pake.

Wewe ndiwe uliyesema nyumba zetu zimeipa barabara mgongo. Unalijua hilo kuliko wote, na ndilo linaloniuma. Umemwingiza mgeni mpaka ndani kabisa bila kupiga hodi.

Nimechoka. Sina hasira, nilikuwa nayo Ijumaa.

Mwanaarabu


Nairobi, 5 Februari 2025

Kwa Mama Mkubwa wangu,

Assalamu alaikum. Mama ni mzima na ameanza kupanda ngazi tena. Nabil anakusalimu. Nimeisoma barua yako mara nyingi, na kila nikiandika jibu nalichana.

Kile kidude ni chetu. Kilirushwa na mpiga picha wa wafadhili, nikiwa nimesimama pale pale. Alikuwa ananionyesha kwenye kioo chake mapaa yakipita, moja baada ya jingine, na mimi nikayatambua, lile la msikiti, lile la kina Razan, nikajua paa linalofuata ni letu. Nikaona kitu cheupe kinakimbia. Nilimwambia akirudishe kidude. Akakirudisha. Sikusema ni wewe. Picha hiyo nimeifuta kwa mkono wangu mbele yao, na wakanuna, mwanga ulikuwa mzuri.

Sikuja kukuamkia kwa sababu niliogopa kukaa mbele yako na kuliuliza tena lile swali, na nikaogopa pia kukaa mbele yako bila kuliuliza. Nilidhani nikikaa Ras Kitau nitakuwa kazini tu. Usiku nilikuwa naziona taa za Lamu.

Kile kipande cha Ami nimekiondoa. Nimewaambia wafadhili kwamba mke wake hakutaka na nami sitaki. Walikuwa waungwana. Waliandika barua ndefu kunieleza kwamba wanaheshimu sana mila zetu, na mwisho wake wakasema filamu ya kufungua tamasha itakuwa ya mtu mwingine. Yangu wataionyesha siku nyingine, chumba kidogo, ikiwa nitapata mwanzo mpya. Sina. Mueni anakaa mezani ananitazama. Kila picha tunayoweka mwanzoni ni punda.

Nasema kweli, imeniuma. Nimelia ofisini kama mtoto, Mueni akanifungia mlango.

Hii flashi anayokuletea Madi ndani yake mna Ami, mazungumzo yote, tangu mwanzo mpaka mwisho. Nimefuta kila mahali pengine, Mueni amefuta kwake, na wafadhili hawakuachiwa nakala. Hakuna nyingine duniani. Itie kwenye laptopu ya Razan ukitaka, au itupe birikani. Ni yako.

Eda yako inakaribia mwisho. Nakuombea.

Aliya


Lamu, 24 Februari 2025

Kwa binti yangu Aliya,

Wa alaikumu ssalaam warahmatullah. Eda imekwisha, alhamdulillahi. Wanawake walikuja wakaniosha, wakanivika, wakanitia udi, wakasema nimependeza. Niliwaambia wasinitanie, nimekonda kama ufito. Ramadhani iko mlangoni na mji mzima unanunua tambi. Jana nilitoka mara ya kwanza, nikafika mpaka kwa Razan, nikarudi. Njia imekuwa ndefu.

Mamako asipande ngazi.

Flashi ilifika. Niliiweka kidakani siku nyingi, kando ya marashi, nikipita naitazama kama mtu atazamavyo sindano ya daktari. Jana Razan akaniletea laptopu yake, akaniwekea, akataka kukaa. Nikamwomba aende akaangalie mchuzi wake. Nikakaa kwenye kitanda kile kile.

Nilimwona. Mwanangu, usiniulize nilivyokuwa.

Anazungumza na wewe, anakucheka, anakudanganya lile la samaki, maana samaki hakuwa mkubwa hivyo. Kisha ananyamaza, anageuza macho. Hapo nikasimamisha ile mashine, Razan alinifundisha pa kubonyeza. Nikakitazama kitanda, nikautazama ukuta, nikaangalia pale alipokuwa akiangalia.

Ni mlangoni, Aliya. Ilikuwa saa ya uji wake. Mimi nilikuwa nimesimama pale na bakuli, sikutaka kukukatizeni. Wewe ulikuwa umenipa mgongo. Akaniona. Nakumbuka kama leo alichosema kwa ile sauti yake iliyobaki, wewe hukusikia kwa feni, mimi nilimsoma midomo, nimemsoma midomo umri mzima:

"Uyi tena, Mwanaarabu?"

Basi. Ndiyo hiyo dunia inayoondoka. Mwambie bwana aliyelia kwamba Twahir hakuwa akiona mambo makubwa. Alikuwa amechoshwa na uji, na alikuwa akimwangalia mkewe. Na Mueni mwambie ana macho. Mtu asiyewahi kufika Lamu akaona, na wewe uliyezaliwa humu hukuona.

Siku zote za eda nilidhani nakunyima kwa ajili ya kofia. Kofia ni kweli, na bado nasema vile vile. Lakini jana nilipoona yale macho nilijua kwamba hata kama angekuwa na kofia ningekunyima. Hayakuwa ya Lamu. Yalikuwa yangu, na sikupata mengine kama yale tena, wiki zilizofuata hakuwa akinitambua. Nilikuwa nimeyasahau. Umeyahifadhi wewe, halafu umeyafuta kwako kote ukanirudishia. Nimekuombea dua kwa hilo tangu alfajiri.

Kofia nimeimaliza. Viua vingine vimekwenda upande, asingeivaa sokoni. Nimeitia ile flashi ndani yake, na zote ziko kidakani.

Sasa filamu yako. Mimi sijui filamu, lakini najua nyumba. Waonaje ukija baada ya Idi, wewe na Mueni, wawili tu, bila nyuki. Wekeni kamera dakani, penye viti vya mawe, iutazame mlango ukiwa umefungwa. Mlango wetu si wa nakshi nyingi, tena umeliwa na chumvi, uacheni ulivyo. Hapo ndipo mgeni anapokaa na hapo ndipo watu wako wa Ulaya wakae kupitia jicho lile, wanakaribishwa, na kahawa nitawatolea. Kisha upige hodi. Usiharakishe, nitakuwa jikoni, na magoti haya nimekwisha kukwambia. Wasikie nyumba. Wasikie kinu, paka, maji yanachotwa, miguu yangu inakuja taratibu. Nitauliza kwa ndani ni nani, kama tunavyouliza siku zote, nawe uitike jina lako.

Halafu kamera ibaki pale pale dakani. Wewe ingia.

Wasalaam,
Mamako mkubwa,
Mwanaarabu